Wimbo Alioupata Likasi

Jumamosi, saa nne asubuhi, Hénock, kiongozi wa kwaya, aliweka simu yake juu ya kinanda cha kanisa, na filimbi moja ikaanza kulia. Wanakwaya wakaacha soga. Kanisa lao lilikuwa ghorofani, juu ya duka la jumla la mablanketi katikati ya Johannesburg, na honi za teksi zilipanda hadi madirishani.

"Mama Marcelline, hii si wimbo ya Papa François?" aliuliza Hénock.

Ulikuwa wimbo wake. Kesho yake kanisa lingeondoa matanga ya François, mume wa Marcelline, aliyeifundisha kwaya hiyo hadi kifo chake, na wimbo huo ndio pekee ambao mjane aliuomba.

Sauti kwenye simu ilieleza kwa Kifaransa kwamba Renzo Valdari, Mwitalia mtunzi wa muziki wa filamu, amefariki. Alianza kwa kupiga akodioni harusini. Baadaye alitungia filamu nyingi, hasa za farasi na bunduki. Watunzi wenzake walijaza filamu okestra nzima. Yeye alianza na ala moja, akainyamazisha, ndipo akaingiza sauti za watu.

"Kumbe tunamwimbia Bwana wimbo ya koboi!" mwanakwaya Brigitte alicheka. "Na farasi atapandaje ngazi, lifti yenyewe imekufa?"

Pasta Barnabas, mtu wa Kigoma, hakucheka. "Mama, tulijua mzee alipewa wimbo huu katika maombi. Siwezi kuuruhusu kesho kabla sijapata ukweli."

"Nani alikuambia ni maombi?"

Pasta aliwatazama wanakwaya. Katika kanisa hilo, wimbo ambao mwenyewe hajulikani huhesabiwa kuwa umetoka juu. Hakuna aliyewahi kuuliza.

"François alisema aliupata Likasi," alisema Marcelline. "Maombi mliongeza ninyi."

Huko Likasi, mji walikotoka, François aliendesha mashine ya sinema. Marcelline, wakati huo mchumba wake, aliketi juu ya sanduku la mikanda akimenya karanga, akingoja watu watoke. François alirudisha mkanda nyuma huku akipiga mluzi wa wimbo huo. Filamu yenyewe Marcelline hakuiona; kitundu cha ukutani kilikuwa cha mwendeshaji. Aliujua mluzi tu, na harufu ya mashine iliyopata moto. Hawakuwa na kitu siku zile, wala hakukumbuka kukosa kitu.

"Na maneno?" aliuliza Pasta.

"Maneno ni yake. Aliyaandika hapa mtaani Joubert Park, tukigawana chumba na familia nyingine kwa pazia."

Brigitte alikuwa ameacha kucheka. "Pasta, hata kinanda hiki kilitoka baa. Tulikiombea tu."

Pasta alikigusa kinanda. "Basi mtaimba. Lakini mtamtaja mwenye muziki kwanza. Hatuwaibii wafu."

Jumapili Hénock alitaja jina la Valdari, kisha la François. Kwaya iliimba beti zote. Marcelline alivua kitambaa chake cheusi cha matanga, akakikunja, akaketi.