Uso wa Vỹ, Sauti ya Thuyên

Miaka ile filamu za upanga zilipokuwa zikipigwa Saigon wiki hii na kuonyeshwa wiki ijayo, mwigizaji hakuwa na haja ya kujisemea. Uso wa huyu, sauti ya yule. Vỹ, kijana mrefu aliyeokotwa gereji, ndiye aliyekuwa na uso. Sauti ilikuwa ya Thuyên, mfupi mwenye kipara, aliyejifungia kwenye chumba cha kurekodia chenye joto na karatasi mkononi akisema, "Mpenzi, nitarudi kwako hata nikiwa mzimu."

Filamu ikatia fora. Nhàn, mke wa Thuyên, akaenda kuitazama. Akarudia. Safari ya tatu akajipaka poda na kuvaa vazi lake refu la hariri.

"Tena?" Thuyên akauliza.

"Tena."

"Huyo Vỹ anakulipa?"

"Baba Sen, wali uko mezani. Kula."

Akala. Alimwonea kijana wa watu wivu wa kila kitu: meno, mabega, hata farasi wa kukodi. Na kilichomuuma kuliko vyote ni kwamba silaha alimpa mwenyewe. Sauti yake ndiyo iliyokuwa ikimtongozea mkewe!

Filamu ya pili ilipokaribia, ya kuonyeshwa sikukuu ya mwaka mpya, Tết, akajifunga kitambaa shingoni akaenda kwa mwongozaji.

"Koo limekufa," akanong'ona.

"Kaka Thuyên, usiniue! Mabango yameshatundikwa!"

"Mwache ajisemee. Kwani hana mdomo?"

Vỹ akajisemea. Siku ya kwanza ya kuonyeshwa Thuyên alimpeleka Nhàn mwenyewe. Shujaa akasimama juu ya kaburi la mwalimu wake, akainua upanga, akaapa kulipa kisasi kwa kisauti cha paka mchanga.

"Mpeni maziwa huyo!" mtu akapiga kelele, na ukumbi ukaangua kicheko. Thuyên akacheka mpaka machozi. Sikukuu ilipopita hakuna aliyemwita Vỹ tena, akarudi kwenye grisi yake.

Nhàn hakucheka. Siku habari hizo zilipowafikia, aliweka vijiti vyake vya kulia mezani.

"Umefurahi? Koo lako lilikuwa zima. Umemkomoa mtoto wa watu."

"Ndiyo, nilimkomoa! Kwani unamlilia?"

"Nimlilie Vỹ? Hata sura yake siijui vizuri. Nilikuwa nafumba macho."

Thuyên akageuka kumtazama.

"Tangu unioe, wewe huniambia chumvi imezidi, feni izimwe, basi. Maneno matamu unayamaliza kazini. Ningeyasikia wapi? Nikayafuata hukohuko, nikakata tiketi kama watu wengine." Akamkazia macho. "Haya, Vỹ ameshaondoka. Niambie wewe."

Thuyên akasafisha koo lake zima. Akamtazama mkewe, akautazama mkono wake mtupu usio na karatasi. Mwishowe akavuta bakuli lake na kusema mchuzi wa samaki umekwisha.