Kuku wa Kuchanja Rai

Mwaka huo nilipanda rai, nafaka ya nchi za baridi inayofanana na ngano, ili iugue. Wengine hulima rai wapate mkate mweusi. Sisi huku Emmental, milimani Uswisi, tulikuwa tunaitia ugonjwa kwa makusudi, kwa sababu kiwanda kimoja cha dawa cha Basel kilitaka kuvu inayoota kwenye masuke yake. Ni vipembe vyeusi, virefu kama ukucha, na humo hutolewa dawa ya kuzuia damu kwa mama aliyejifungua. Ukingoja kuvu ije yenyewe, utavuna kiganja kimoja shamba zima. Kwa hiyo tuliichanja rai kama mtoto anavyochanjwa ndui, ila sisi tulitaka ugonjwa ushike.

Mashine za kuchanjia zilikuwa hazijafika kwetu. Tulikuwa na koleo: vibao viwili vyenye sindano upande wa ndani, vimeungwa kwa bawaba. Unalichovya kwenye maji yenye mbegu za kuvu, unaliweka kwenye shina pale suke linapovimba ndani ya jani, unaminya, unaachia, unaenda shina linalofuata. Hiyo ilikuwa kazi ya wanawake wa kijiji, kumi na mmoja, wakiongozwa na Rosette Wüthrich, mjane wa miaka sitini na kitu ambaye alinijua tangu nikiwa sina meno.

Mkaguzi wa kiwanda, Bwana Vögtlin, aliniletea chupa mbili za mbegu za kuvu Jumatatu. Alipasua jani moja kwa ukucha, akatazama suke lililokuwa ndani.

"Jumamosi masuke yataanza kutoka, Bwana Zaugg," akasema. "Suke likishatoka, umechelewa. Na ukichelewa, mwakani chupa hizi nitampa mtu mwingine."

Nilimwelewa vizuri. Shamba langu ni mteremko mkali, ng'ombe wenyewe hulitazama mara mbili kabla ya kupanda. Nilikuwa nimefanya kazi miaka kumi na mmoja kwenye kiwanda cha matofali huko bondeni ili niweze kurudi hapa kwetu, kwa mama yangu. Bila rai ya Basel ningerudi kwenye matofali.

Wanawake walikuwa wameahidi kuja kwangu Jumanne. Kila kitu kilikuwa tayari. Kisha Jumatatu hiyo hiyo jioni nikapeleka maziwa kwenye kiwanda cha jibini, na huko nikafungua mdomo.

Gerber, mtengeneza jibini, alikuwa anapima maziwa yangu. "Kesho unachanjiwa, eti?"

"Nachanjiwa," nikasema. "Ila sielewi kelele zote hizi. Wanataka mshahara, wanataka kahawa, wanataka na malai ya maziwa juu yake. Kwa kazi gani? Kuminya koleo na kutembea. Hata kuku akifundishwa ataiweza."

Wanaume walicheka. Halafu wakaacha kucheka, mmoja mmoja, wakitazama nyuma yangu. Rosette alikuwa amesimama pale na mkokoteni wake wa maziwa, na mbwa wake anayeuvuta akinitazama kama aliyesikia naye.

Hakupandisha sauti. Alimpa Gerber ndoo yake, akangoja imwagwe, akaichukua.

"Basi tafuta kuku, Werner," akasema, akaondoka.

Jumanne alfajiri nilitoka kukaa kwenye benchi la mbele ya nyumba nisubiri wanawake kumi na mmoja. Kwenye benchi hilo nilikuta kreti. Ndani ya kreti kulikuwa na kuku wa kahawia, na juu ya kreti limefungwa koleo la sindano kwa uzi, na kikaratasi: *Huyu yuko tayari kuanza.*

Mama alitoka na kikombe chake. Ana miaka sabini na nane na macho ya kunguru. Akasoma kikaratasi, akanitazama.

"Ulisema nini?"

Nikamwambia.

"Mbele ya nani?"

Nikamwambia.

"Mm," akasema, akamtoa kuku kwenye kreti, akampa makombo ya mkate.

Nilichukua lile koleo nikaenda shambani peke yangu. Nilijiambia, mtu aliyebeba matofali miaka kumi na mmoja hawezi kushindwa na mabua. Shamba lilikuwa na safu mia moja na ishirini. Mikono yangu ni mikubwa, imezoea kukamua. Nikiminya polepole, sindano haziingii. Nikiminya kwa nguvu, shina linapasuka. Kati ya hizo mbili kuna mahali padogo sana, na sikupaona. Juu ya hayo, kwenye mteremko ule unasimama mguu mmoja juu mmoja chini, na ukiteleza, sindano ishirini na nne zinaingia kwenye kidole gumba. Niliteleza sana.

Adhuhuri nilirudi kula.

"Safu ngapi?" mama akauliza.

"Moja na nusu."

Akaonyesha kuku kwa kijiko. "Mwenzako ametaga."

Jumatano jioni nilikuwa na safu tatu, na kidole gumba kimevimba kama soseji. Mama alikisafisha kwa pombe kali ya matunda, akakifunga kitambaa.

"Safu tatu," akasema.

"Tatu."

"Kuku ana mayai mawili. Mwanangu, anakukaribia."

"Nisaidie wewe basi, badala ya kunicheka."

"Mimi nimeshachanja rai za watu miaka minne pamoja na Rosette, mpaka magoti yakakataa. Wewe ulikuwa kwenye matofali, hukuuliza hata siku moja kama ni kazi. Nenda kwake."

"Nikamwambie nini?"

"Ukweli. Si ndio unaojisifia kusema kila siku?"

Alhamisi asubuhi nikamweka kuku kwenye kreti nikateremka kwa Rosette. Alikuwa bustanini anapalilia saladi, pamoja na Klärli, binti wa jirani yake, ambaye alikuwa amefunga mtoto mgongoni. Klärli aliponiona aliegemea jembe lake, kama mtu aliyekuja kutazama mchezo.

"Mama Rosette," nikasema, "nimemrudisha kuku."

"Kwani amemaliza?"

"Hajamaliza."

"Amefika wapi?"

"Hajaanza."

"Mvivu," Klärli akasema. "Yule ndiye bora tuliyekuwa naye."

Rosette hakucheka. Aliweka kijembe chini. "Nionyeshe mkono."

Nikamwonyesha. Alifungua kitambaa, akakigeuza kidole huku na huku, akakifunga tena vizuri kuliko mama.

"Unaminya kama unamkamua ng'ombe."

"Ndiyo."

"Kwa kiganja."

"Ndiyo."

"Inaminywa kwa ncha za vidole, na unaachia kabla ya kusikia shina likilia. Mimi ilinichukua msimu mzima kuijua." Akamwonyesha Klärli kwa kidevu. "Huyu mwaka jana alijifungua, akavuja damu mpaka mkunga akawa anamwita kwa jina na yeye haitiki. Akapewa matone ya ile dawa. Unamwona amesimama hapo anakucheka. Halafu wewe unasimama kwa Gerber unasema ni kazi ya kuku."

Mtoto wa Klärli alinyoosha mkono kumkamata kuku.

"Nilisema vibaya," nikasema. "Nimechanja safu tatu kwa siku mbili, na nadhani zote nimeziharibu. Nakuomba mje."

Ilikuwa sentensi ndefu kwangu. Rosette akaokota kijembe chake.

"Umeisema kwangu, na Klärli ameisikia," akasema. "Lakini ile ya kuku hukuisema hapa bustanini. Mchukue kuku, ukaseme kule kule."

Kwa hiyo jioni, saa kumi na mbili, nilisimama kwenye jukwaa la maziwa la Gerber na kuku kwapani. Watu walikuwa wengi kuliko kawaida. Emmental habari haihitaji simu.

"Jumatatu nilisema kuku anaweza kuchanja rai," nikasema. "Nimempa siku tatu. Hakuweza. Mimi pia sikuweza. Wanawake wa Rosette wanaweza. Basi."

Kisha Gerber akauliza, kwa uso mkavu kabisa, "Na kuku anasemaje?"

Kuku akanichafua kwenye koti. Watu walicheka mpaka mbwa wa Rosette akaanza kubweka, na maziwa ya mtu fulani yakamwagika. Rosette naye alicheka, nikamwona, ingawa aligeuza uso.

"Kesho saa kumi na moja alfajiri," akaniambia akipita. "Malai yawe mengi. Na wewe utabeba ndoo."

Walikuja wote kumi na mmoja, sketi zimekunjwa na kufungwa kiunoni. Walijipanga chini ya mteremko, Rosette katikati, wakapanda kwa pamoja kama wanaochana nywele. Klik, hatua, klik, hatua. Mimi nilipita nyuma yao na ndoo ya maji ya kuvu, na kila aliyehitaji kuchovya aliita, "Kuku!" Niliitika. Ningefanya nini? Ilipofika saa nne nilikuwa naitika bila kufikiri, na Klärli alisema nimeanza hata kutembea kama kuku.

Mchana mama alitoa biskuti za ute wa mayai, nyeupe, zimefunikwa na malai mpaka hazionekani.

"Mayai yametoka kwa fundi wenu," akawaambia.

Safu ya mwisho waliimaliza Jumamosi saa tatu asubuhi. Nilipokuwa nakusanya makoleo nikaona, kwenye kona ya juu inayopigwa na jua mapema, suke la kwanza likichungulia nje ya jani. Nilikaa chini palepale kwenye nyasi.

Bwana Vögtlin alirudi baada ya wiki mbili na kidogo. Rosette na Klärli walikuja pia, walisema wanapita tu, ingawa njia yangu haiendi popote. Mkaguzi aliinama kwenye suke. Lilikuwa limelowa matone ya njano yanayonata, matamu kama asali, na nzi walikuwa wamejaa. Ndiyo dalili kwamba ugonjwa umeshika na pembe nyeusi zitakuja. Alikagua safu kwa safu akiitikia kwa kichwa kwa furaha. Alipofika ukingoni akasimama.

"Hizi tatu zimepatwa na nini? Kavu kabisa. Nusu ya mashina yamevunjika."

"Hizo alichanja kuku," Klärli akasema.

Mkaguzi akanitazama.

"Hapana," nikasema. "Nilichanja mimi. Kuku asingeziharibu namna hii."

Aliandika kitu kwenye daftari lake. Nini, sijui mpaka leo. Kisha akafunga daftari.

"Bwana Zaugg, mwakani nikuletee chupa ngapi?"

Nikafungua mdomo. Rosette alikuwa ananitazama, mikono kiunoni. Nikaufunga mdomo, kisha nikaufungua tena.

"Muulize Mama Rosette," nikasema. "Yeye ndiye anayeijua kazi."

Rosette alilitazama shamba kutoka chini mpaka juu, bila haraka.

"Nne," akasema. "Na kuku abaki nyumbani atage."