Pande Zote Mbili za Mdomo

Damu ilikuwa ikitoka upande ule ambao sikuubana.

Beberu alikuwa amemchoma binti yangu Bilan kwa pembe, mdomo wa juu ukapasuka hadi karibu na pua. Alikuwa na miaka minne. Hapa Sangailu, ngamia akijikata mguu tunafunga juu ya jeraha, damu inakoma. Basi nami nilibana kushoto tu, uliko moyo. Chini ya kidole mshipa ulidunda, ukanyamaza. Damu ikazidi. Nikamlaza chali, akaanza kupaliwa na damu yake mwenyewe.

Mama mkwe wangu, Weris, alikuwa ameshatia chuma motoni.

"Rukiyo, mshike kichwa. Tunachoma mara moja tu."

Mungu anisamehe, nilimshika.

Ndipo akaingia jirani yetu Idman, mhudumu wa afya wa kijiji, akihema. Alimkalisha mtoto, akamwinamisha mbele.

"Abaayo, dada yangu, huyu si ngamia! Mishipa ya mdomo inatoka mashavu yote mawili, inakutana katikati. Ukifunga barabara upande wa Garissa, lori la kutoka Wajir litashindwa kufika Habaswein, hapo katikati? Bana huku na huku. Kidole ndani, gumba nje. Na wewe Eedo Weris, ondoa hicho chuma."

"Nimechoma watu kabla hujazaliwa," Weris akasema.

"Makovu yao nayaona kila siku, Eedo."

Nikabana pande zote mbili. Damu ikawa matone, kisha ikakoma. Nikakaa hivyo hivyo saa mbili nzima, ndani ya pikapu ya miraa iliyotupeleka hospitali, Idman akimshikilia mtoto asiegemee nyuma, vumbi likitujaa machoni.

Miaka mitatu imepita, na kila nikutanapo na mama mwenye mtoto mdogo namwambia, hata asiponiuliza: usimlaze chali, usitie jivu, usichome. Bana pande zote mbili, ukimbie hospitali. Wengine hunicheka. Wacheke, bora wakumbuke.

Siku ile daktari alisema, "Mama, achia sasa." Vidole vilikataa. Idman alivikunjua kimoja kimoja, polepole, bila kunisimanga hata kidogo.

Jeraha likashonwa nyuzi saba. Bilan, mdomo umevimba kama tende, akanitazama kwa hasira.

"Hooyo," akasema, maneno yakimteleza, "vidole vyako vinanuka mbuzi."

Nikamwomba arudie, nimsikie tena.