Chui Alipofagia Nyumba ya Mbuzi

Pa! Kimya kidogo. Pa! Pa!

Mlio wa muhuri ulitoka nyuma ya kidirisha cha mbao kilichofungwa. Ruffin alikuwa amesimama kwenye korido ile tangu alfajiri, na kila pigo lilimchoma, maana kila pigo lilikuwa permi ya mtu mwingine. Permi ndiyo leseni ya udereva, na yeye alikuwa ameingoja miezi mitatu. Randevu yake, miadi ya kuichukua, ilikuwa Alhamisi, saa tatu asubuhi. Na Alhamisi hiyohiyo, saa nne, mjomba wake Barnabé angezikwa.

Jumatatu nayo haikuwa na subira. Fidèle, mkuu wa madereva kwenye ghala la unga, alikuwa amemwekea lori moja na kumwambia bila kuzungukazunguka: "Jumatatu uje na permi. Ukikuja mikono mitupu, kamyo itapata mwingine."

Kidirisha kikafunguliwa. Ndani alikaa mama mnene wa miaka hamsini na kitu, miwani imening'inia kifuani kwa kamba. Kibao kilisema: Émérence.

"Sema, mutoto."

"Mama, naomba tubadilishe randevu yangu. Kutoka Alhamisi mpaka Ijumaa. Niko na kilio."

"Nani alikufa?"

"Mjomba yangu Barnabé, wa kule Kikula. Yule wa pikapu ya kijani."

Kalamu ya mama yule ikasimama hewani. "Barnabé mwenye kutoka Kapolowe? Mwina Mbushi?"

"Njo yeye. Ndugu ya mama yangu. Siye bote Bena Mbushi, ukoo wa mbuzi."

Mama Émérence akaweka kalamu chini, akapiga makofi mawili, akacheka hadi miwani ikarukaruka. "Mbuzi amekufa! Asante Mungu, wiki hii nyama itakuwa mingi! Alikufa namna gani, na majani mudomoni? Na hiki kitoto chake, tazameni ndevu zake, mbuzi kabisa!"

Korido nzima ikacheka. Ruffin alihisi damu ikipanda mpaka masikioni. Mjomba Barnabé alizoea kumwambia, "Damu yako inachemka kama rejeta bila maji," na siku hiyo maji yalikuwa yamekauka kabisa.

"Mama! Muntu amelala mortuaire, mu chumba ya maiti, na weye unacheka? Heshima yako iko wapi?"

"Ilikuliwa na mbuzi!"

Ruffin akanyakua kikaratasi chake cha randevu, akawasukuma watu, akatoka. Nyuma yake alisikia sauti ya mama yule: "Ruka-ruka, kambuzi! Utarudi tu!"

Alifika Kikula hasira haijamtoka. Uani kwa marehemu wanawake walikuwa wamekaa kwenye mikeka, na katikati yao mama yake, Clémentine, kitambaa kimemfunika mpaka kwenye nyusi. Tangu Jumapili hakuwa amesema maneno kumi. Ruffin akamsimulia yote: muhuri, kicheko, nyama, majani mdomoni.

Mama Clémentine akainua kichwa. "Alisema vile? Mbele ya bantu?"

"Mbele ya bantu bote, mama! Nilitaka kuvunja kile kidirisha."

Mabega ya mama yake yakaanza kutikisika. Ruffin alidhani analia. Kumbe anacheka, na machozi yanamtoka vilevile, na mama wadogo wote wakaangua kicheko pamoja naye.

"Papa, mutoto wangu," alisema akijifuta, "weye ulisoma Kifaransa, lakini hii hukusoma. Mwenye kututukana vile mu kilio ni Mwina Ngo, muntu wa chui. Ni munungwe yetu, mutani wetu. Chui anakula mbuzi, juu ya ile kati yetu hakuna tusi. Tukiwa na kilio, yeye njo anakuja kututukana tusife na huzuni. Anafagia nyumba ya mwenye kufa, anatoa vitu vyake. Siku ya chui kufa, ni siye tunaenda. Na weye ulimukimbia! Tangu Jumapili tunatafuta mwina Ngo hata mumoja, hatupate. Nyumba ingali imefungwa."

Ruffin akageuka kuutazama mlango wa chumba cha mjomba. Farde yake, lile jalada la kijani lenye karatasi zote, ilikuwa mle ndani. Mjomba mwenyewe aliitunza chini ya godoro, akisema vijana hupoteza karatasi kama kuku apotezavyo manyoya. Cheti cha shule ya udereva kilikuwamo, karatasi ya daktari wa macho, hati ya makazi, picha nne. Na hakuna mbuzi aliyeruhusiwa kugusa kitu cha marehemu kabla chui hajafagia.

"Sasa nifanye nini?"

"Rudi. Lakini usiende kuomba musamaha kama mutoto wa shule. Munungwe hataki musamaha. Mutukane, na umutukane muzuri."

Usiku ule Ruffin, ambaye hasira haikuwahi kumnyima maneno, alitafuta tusi kama mtu anayetafuta sindano ya kushonea suti ya harusi.

Jumatano asubuhi kidirisha kilipofunguliwa, alitangulia yeye, akasema kwa sauti ya kufika mpaka mwisho wa korido:

"Mama Chui! Meno yalikuishia mudomoni, makucha yalikuishia mikononi, sasa porini banakucheka, na huku mujini unakula karatasi!"

Watu wakashika vinywa. Mama Émérence akainuka kutoka kitini, mzima mzima, mikono juu.

"Ayeee! Mbuzi anajua kulia! Nani alikufundisha?"

"Mama yangu. Jana sikujua, mama. Nilikuwa mujinga."

"Ungali mujinga. Sogea hapa." Akamsukumia karatasi nyeupe na kalamu. "Randevu haibadilike na mudomo. Andika barua: jina, tarehe ya zamani, tarehe unayotaka, na sababu. Weka na tangazo la kilio. Na andika vizuri, mukubwa wangu hapendi mwandiko wa kuku."

Ruffin akaandika akiwa amepiga goti, karatasi juu ya paja, akaambatanisha na tangazo la kilio alilokuwa nalo mfukoni. Mama Émérence akaipeleka chumba cha ndani, akakaa huko dakika ambazo Ruffin aliziona ndefu kuliko miezi mitatu, akarudi na saini. Akafungua daftari. "Ijumaa, saa mbili. Muntu mumoja alihama, nafasi yake njo yako. Uje na farde yenye kutimia. Karatasi moja ikikosa, nitakurudisha, chui ao hapana chui. Iko wapi?"

Ruffin akamweleza kuhusu godoro na chumba kilichofungwa.

Mama yule akavua miwani. Kicheko kikamtoka usoni kwa mara ya kwanza. "Tangu Jumapili hakuna aliyefagia kwa Barnabé? Na minye niko hapa napiga muhuri?" Akatazama saa ya ukutani. "Saa sita nafunga. Bakaange kuku. Na asiwe wa kukonda kama weye."

Alifika saa saba, na alianza kupiga kelele akiwa bado barabarani. Aliingia uani bila salamu, akakaa kwenye kiti cha marehemu, akavaa kofia yake iliyoachwa hapo, akashika usukani wa hewa na kumwigiza Barnabé akiendesha pikapu njia ya Kambove: shingo mbele, ulimi nje, akitukana mashimo moja moja kwa majina. Hata wazee waliokuwa wamenuna tangu Jumapili walishika mbavu. Kisha akachukua ufagio, akaingia chumbani peke yake, akafunga mlango. Kicheko kikafa. Ukasikika ufagio tu, polepole, kwa heshima.

Alipotoka alikuwa na jalada la kijani. Aliliinua juu. "Mbuzi alilala juu ya karatasi, na hakuzikula! Ajabu gani hii!"

Ruffin akalifungua akiwa amesimama. Cheti kilikuwepo. Karatasi ya daktari wa macho, ipo. Picha nne, zipo. Hati ya makazi aliigeuza mara mbili. Ile aliyoiweka yeye ilikuwa ya mwaka juzi, imekwisha muda, wala hakuwahi kugundua. Hii ilikuwa mpya. Wino wake wa bluu bado uling'aa, na tarehe ilikuwa ya Ijumaa iliyopita. Siku mbili kabla ya kufa, kwa miguu iliyovimba isiyoingia viatuni, mjomba Barnabé alikuwa ametembea hadi kwa mkuu wa mtaa.

Hakumwambia mtu. Ndivyo alivyofundisha hata gari: hakusema mengi, aliweka tu mkono wake juu ya mkono wa Ruffin na kunong'ona, "Usukani si shingo ya adui. Shika polepole."

Hapo ndipo Ruffin, aliyekuwa amekataa kulia tangu Jumapili, alilia mbele ya watu wote. Mama Émérence akampiga begani na ufagio. "Lia, kambuzi, lia. Supu itapata chumvi." Na mkono wake mwingine ukabaki mgongoni mwake hadi alipotulia.

Alhamisi walimzika Barnabé. Ijumaa saa mbili Ruffin alisimama mbele ya kidirisha, ndevu zimenyolewa. Mama Émérence alipitia farde karatasi kwa karatasi, bila kumpendelea hata kidogo, akampeleka kupigwa picha na kuweka vidole, kisha akavuta karatasi ya muda ya permi, inayotosha kushika lori Jumatatu, akaupulizia muhuri pumzi.

Pa!

"Chukua. Toka hapa, unaniletea harufu ya zizi."

Ruffin hakutoka. Aliishika karatasi ile kwa mikono miwili, akasema ili korido yote isikie:

"Mama Chui, aksanti, na bantu bote babe mashahidi. Ile siku utakufa, Mungu aikawishe sana, hakuna mwingine atashika usukani wa gari itakubeba. Ni minye nitaendesha, polepole, vile mjomba alinifundisha. Na nitakucheka njia yote mpaka makaburini. Ninakuahidi."