Njiwa Utosini kwa Mama Shadi

Aibu niliyoipata leo, ardhi ingepasuka ningeingia mwenyewe bila kusukumwa.

Mwanangu Shadi anatengeneza filamu za kuchora, hapa hapa Aleksandria. Posa yake kwa Rim ilikuwa bado inaning'inia, maana mama wa binti, Bi Inshirah, alitaka kwanza aone hiyo kazi ni kazi gani. Basi nikamwalika kwenye onyesho. Nikavaa gauni la Idi, nikaketi naye mstari wa mbele, najidai.

Taa zikazimwa. Mungu wangu! Nani huyo kwenye skrini? Mimi! Mimi hasa, jikoni kwangu, nashindilia njiwa wali. Kumbe ndizo zile picha za video alizonipiga kiangazi. Mara njiwa wa kuchora wakaruka kutoka sufuriani, sufuria nayo ikaota miguu ikakimbia, na njiwa mmoja akaja kunikalia kichwani. Nikigeuka, yupo. Nikafungua friji, ndani bahari tupu, na njiwa yuko palepale utosini!

Ukumbi ukacheka. Bi Inshirah akakohoa.

Damu ikanipanda. Nikasimama. "Zima! Shadi, huna haya? Baridi yote umejifungia chumbani, macho mekundu, kumbe unanigeuza kiota cha njiwa mbele ya wakwe zako?"

Picha ikaganda, taa zikawashwa. Shadi akaja, kichwa chini, akaninong'oneza: "Mama, siku ile joto lilikuwa kali. Ulivua mtandio."

Nikatazama skrini. Mabawa ya yule njiwa yalikuwa yamelala kuanzia kipajini hadi shingoni. Unywele hata mmoja hauonekani. Na alichora hivyo picha baada ya picha, kwa mkono, filamu nzima. Masikio yakaniwaka. Mwanangu nimemtukana hadharani kwa kunisitiri!

Bi Inshirah alikuwa amesikia yote. Akanivuta gauni. "Kaa chini, Mama Shadi. Mwenzio anakufunika, wewe unamwanika." Kisha akamgeukia fundi wa mitambo: "Haya, baba, washa tuone mwisho."

Giza liliporudi nikashukuru. Bi Inshirah akaniinamia sikioni.

"Kijana tumemkubali," akasema. "Wewe tutakuvumilia."

Nikaitikia kwa kichwa tu. Mtandio nilikuwa nimeshauvuta hadi machoni.