Kura ya Kiti

Mikono ilinyanyuka juu ya cherehani, mingine haraka, mingine kwa uzito wa mtu anayeamshwa usingizini. Mwalimu aliitazama kwa kuridhika, mpaka macho yake yalipofika kwenye meza ya pasi. Shemeji yake, mdogo wa mkewe, mjamzito ambaye gauni lilikwisha kumbana, naye alikuwa amenyoosha mkono. Alikuwa amepiga kura kwamba yeye mwenyewe asipewe kiti.

Jambo lenyewe lilianza kama mzaha. Tangu tajiri mwenye karakana afungashe virago baada ya mgomo, mafundi waliiendesha wenyewe kwa ushirika, na kila kitu waliamua kwa kura: saa ya kufungua, rangi ya mlango, hata nani aache kuimba kazini. Kazi zilikwenda kwa zamu, asiwepo mtu wa kazi nyepesi na mtu wa kazi nzito. Wiki hii pasi ilimwangukia shemeji, na mpiga pasi husimama kutwa. Asubuhi hiyo aliuliza, kwa sauti ya mtu anayeomba chumvi, kama anaweza kuvuta kiti. Mmoja akasema, "Basi tupige kura." Wote wakamgeukia Mwalimu.

Hakuwa mwalimu wa shule. Alikuwa fundi wa kola aliyesoma vitabu vya Umaksi mpaka majalada yakanyofoka, na wakati wa mapumziko ndiye aliyewafafanulia wenzake jinsi kila kitu kinavyobeba ndani yake kile kinachokipinga. Walimpenda kwa hilo. Bila yeye wangedhani ufukara wao ni bahati mbaya tu. Tusimwonee, akili alikuwa nayo. Kilichomponza ni kupenda kuisikia ikifanya kazi.

Kwa hiyo alisimama, akainua kipande cha kitambaa.

"Uzi mmoja ukichomoka, nguo bado ni nguo," alisema. "Chomoa wa pili, wa tatu. Hutajua ni upi ulioiharibu, lakini itafika mahali umeshika tambara. Mabadiliko madogo hujilimbikiza, halafu kitu kinageuka kuwa kingine kabisa. Leo kiti, kesho fulani aondolewe zamu, keshokutwa tuna wakubwa na wadogo humu ndani. Mimi ni shemeji yake. Ndiyo maana lazima niwe wa kwanza kukataa."

Sentensi hiyo ya mwisho iliwagusa. Hata yeye mwenyewe ilimgusa.

Kura ikaisha, cherehani zikaanza kunguruma tena. Mwalimu alikaa, akavuta kola iliyokuwa ikimsubiri, na ndipo alipotambua kwamba amekaa. Kule kwenye pasi shemeji alikuwa amevua kiatu kimoja, unyayo ameupumzisha juu ya mguu wa pili. Mkono mmoja ulisukuma pasi, mwingine ulishikilia ukingo wa meza. Mwalimu aliinamia kazi yake, lakini macho yalimrudisha kulekule.

Jirani yake, mama mshona vifungo, alikata uzi kwa meno.

"Yule tajiri alikuwa na roho mbaya," alisema bila kumtazama. "Alikataza kiti pale kwenye pasi, eti aliyekaa hakandamizi vizuri."

"Nakumbuka, mama."

"Lakini alikataza mwenyewe. Hakutuomba tumnyooshee mikono."

Aibu ilimshika. Alitafuta hoja, na hoja hazikuwa mbali: tajiri alikataza kwa ajili ya faida, wao kwa ajili ya usawa, sura ni moja, kiini ni tofauti. Ilikuwa hoja nzuri, ila miguu ya shemeji isingeijua tofauti hiyo. Walikuwa wamemfukuza mtu, wakaiacha amri yake mezani na kuilinda kwa kura. Na kulikuwa na jambo baya zaidi. Aliposimama kuzungumza hakuwa akifikiria usawa hata kidogo. Aliogopa kusemwa kwamba anabeba ndugu, na jina lake zuri alilinunua kwa miguu ya mwenzake.

Akanyanyua kiti chake, akakipeleka kwenye meza ya pasi.

"Kaa, shemeji."

"Aa, shemeji, si tumeshapiga kura?" Alitabasamu, akajifuta jasho kwa kiganja. "Na mimi nilinyoosha. Ulivyoeleza, niliona kweli nilikuwa najipendelea."

Hakukuwa na kijembe katika sauti yake. Afadhali kingekuwepo.

Mwalimu aliwageukia wenzake. "Jamani, naomba turudie ile kura. Nilikosea."

Cherehani zikanyamaza.

"Ulikosea wapi?" aliuliza fundi wa suruali, kwa upole wa mtu anayetaka kujifunza. "Maana ule mfano wa uzi ulituingia kabisa. Hebu tueleze, Mwalimu, na sisi tuelewe."

Waliweka mikono mapajani kama walivyozoea wakati wa mapumziko, wakasubiri. Maneno ya kumnyima mtu kiti yalikuwa yamemjia kama maji. Sasa alitafuta ya kumpa, hayakuja. Angeweza kusema kwamba mtu si kitambaa. Angeweza kusema kwamba aliwaogopa.

Shemeji, asije akamkatiza, aliisimamisha pasi kando bila kelele, akabaki amesimama karibu na kile kiti, anamsikiliza.