Siku Leseni ya Gathii Ilipokaguliwa

Gathii alikuwa ameweka paipu za kumwagilia mashamba pande za Kitale kwa miaka ishirini na miwili kabla serikali haijamwambia kwamba hajui kazi. Hivyo ndivyo alivyoielewa ile barua. Barua yenyewe ilisema tu kwamba kuanzia mwaka huo kila fundi wa umwagiliaji sharti awe na leseni, na kwamba mtihani ungefanyiwa Bungoma.

"Nani atanitahini mimi?" alimuuliza mkewe, Kui. "Mimi nikichimba mtaro, maji yenyewe yananiuliza yapite wapi."

"Basi uyaambie yakakufanyie mtihani, Baba Wachira," alisema Kui.

Mara ya kwanza alianguka. Kazi ya mikono aliimaliza kabla ya wote, lakini kwenye karatasi, alipotakiwa kuchora ramani ya shamba la ekari mbili, aliandika: "Mimi sichorangi. Mimi naenda kuona." Mtahini, mama mpole aliyeitwa Madam Nasimiyu, alimwita kando.

"Mzee, najua umesema ukweli," alimwambia. "Lakini ukweli huu sina mahali pa kuupa alama. Rudi baada ya miezi mitatu."

Kwa miezi mitatu Gathii alishika rula kila jioni. Kui, aliyestaafu ualimu wa shule ya msingi, alimsahihisha kwa kalamu nyekundu. "Hii mto yako inapanda mlima, bana. Imeokoka?" Mara ya pili akapita. Leseni aliitia fremu, akaitundika sebuleni juu ya picha yao ya harusi. Kesho yake aliikuta chini ya picha. Akaiacha hapo.

Mwaka ulipoisha, ilibidi kazi zake zikaguliwe ndipo leseni ipigwe mhuri upya. Madam Nasimiyu alikuja Kitale mwenyewe. Gathii alimpeleka moja kwa moja kwa Kimaiyo, mteja wake mwenye shamba kubwa la kabichi, ambako kila paipu ilikuwa imenyooka na hakukuwa na kiungo hata kimoja kilichovuja. Madam aliitikia kwa kichwa, ameridhika, akaandika. Kilichobaki ni sahihi tu, na Kui alikuwa amewapikia githeri.

Walipofika nyumbani, mgeni alinawa kwenye mfereji wa nje. Akanusa viganja vyake. Akanusa tena.

"Mama, hii maji iko na harufu ya mbolea."

"Ni hivyo tangu mwezi wa tatu," alisema Kui. "Ya kunywa tunateka kisimani. Hii nilimwambia, akasema ati ni dawa ya kusafisha maji."

Madam Nasimiyu aliifuata paipu hadi nyuma ya nyumba. Huko alikuta pipa la mbolea ya maji limeunganishwa na paipu ya sukumawiki, na paipu hiyohiyo ikiingia nyumbani, bila valvu ya kuzuia maji yasirudi nyuma.

"Nilikuwa niweke," Gathii alisema. "Si wateja walikuwa wengi."

"Na kwa mteja ungeacha hivi?"

"Kwa mteja? Hata siku moja!"

"Na huyu mama, yeye ni nani?"

Madam alikula githeri yake akaimaliza, akashukuru, kisha akaomba leseni. Gathii aliitoa kwenye fremu mwenyewe. Alipewa wiki mbili za kurekebisha.

Asubuhi iliyofuata alikataa kazi ya Webuye, akaanza kuchimba nyuma ya nyumba yake. Kui alileta stuli akaketi karibu.

"Fundi, hapo si umepinda? Mimi nimeambiwa wewe ndiye mzuri Kitale nzima."

Gathii aliendelea kuchimba mpaka akakifikia kile kiungo alichokuwa amekifunga haraka Jumapili moja. Akakaa ukingoni mwa mtaro.

"Mama Wachira," alisema, "uliniambia tangu mwezi wa tatu. Nisamehe."

Kui alikuwa ameandaa maneno mengine mengi ya siku hiyo. Akayaacha. Akaenda kuleta chai.

Siku ya kumi na mbili Madam Nasimiyu alirudi, akafungua mfereji na kunusa, akaikagua valvu mpya, akapanda hadi kwenye tanki la nyumba, akashuka, na kuipiga leseni mhuri wa mwaka mwingine.

Mwezi uliofuata aliwakusanya mafundi wapya Kanduyi, akamwomba Gathii awafundishe kuhusu valvu. Gathii hakuwatajia shamba la Kimaiyo. Aliwaeleza habari za nyumba yake, harufu na yote, nao wakacheka hadi viti vikalia. Fundi mmoja, Edinah, aliinua mkono.

"Na mama nyumbani alikusamehe, mzee?"

"Valvu aliikubali siku hiyohiyo," alisema Gathii. "Mimi bado nakaguliwa."